Barua kwa mwanangu aliyechoshwa na nafasi za pembeni

Mwanangu Neema,

Barua yako imenifikia, na mama yako nimemsomea yote. Unauliza kama mtu anaweza kumaliza ujana wake kwenye nafasi za pembeni, leo mpishi, kesho muuguzi wa kufungua mlango na kutoka, halafu mbele ya safari akasema kwamba alikuwa mwigizaji kweli. Wenzako uliosoma nao, unasema, sasa ni masteringi. Anaweza, mwanangu, na sisemi hivyo ili kukubembeleza. Kuna mtu nataka umtazame.

Anaitwa Carel Struycken. Ni Mholanzi, mzaliwa wa The Hague mwaka 1948, aliyekulia kisiwa cha Curaçao. Alisomea filamu Brussels, kisha akaenda Los Angeles. Uigizaji ulimkuta barabarani: mwanamke mmoja aliacha gari lake katikati ya njia pale Hollywood, akamkimbilia na kumwambia anahitajika kwenye filamu. Sababu ilikuwa umbo. Ana kimo cha mita 2.13 na uso mrefu wenye mifupa iliyojitokeza, kutokana na maradhi ya homoni ya ukuaji yaitwayo akromegali. Filamu hiyo ilitoka mwaka 1978.

Mwenye umbo la namna hiyo huitwa aje kutisha watu, basi. Naye aliitwa kwa hilo. Lakini angalia alivyolitumia. Kwenye Star Trek: The Next Generation, tamthilia ya televisheni ya safari za anga za juu, alikuwa Bwana Homn, mtumishi wa Lwaxana Troi, mama asiyeishiwa maneno. Alionekana katika sehemu tano, na katika zote alitamka sentensi moja tu, ya kushukuru kwa vinywaji. Hebu ifikirie kazi hiyo. Mwenzako anasema bila kupumua, wewe umesimama nyuma yake, na kamera inakuona. Ukilegea, hakuna anayejua kama upo. Ukizidisha, umemharibia mwenzako. Struycken anakunywa taratibu, uso haubadiliki, na mtazamaji anacheka. Hapo hakuna mistari ya kukariri, kuna mwili tu na subira, na ndiyo sehemu ya uigizaji ninayoiona ngumu kuliko zote.

Kisha ikaja Twin Peaks, tamthilia ya upelelezi ya televisheni. Mwaka 1990, mpelelezi Cooper amepigwa risasi, amelala sakafuni katika chumba cha hoteli, na jitu linamtokea, nalo ni Struycken. Wengi wangenguruma. Yeye alisema polepole, kwa upole, kama babu anayempa mjukuu habari nzito. Mwongozaji David Lynch alipoirudisha tamthilia hiyo mwaka 2017, baada ya miaka zaidi ya 25, alimwita tena.

Na hili ndilo nililotaka hasa ulijue, kwa kuwa umenitajia masteringi. Katika filamu ya The Addams Family ya 1991 na ile ya 1993, Struycken alikuwa Lurch, mtumishi wa nyumba ambaye zaidi huguna. Filamu nyingine ya familia hiyo ilipotoka 1998, masteringi wa zile mbili hawakuwemo: Raul Julia alikwisha kufariki, na Anjelica Huston hakurudi. Nafasi zao kuu walizichukua Tim Curry na Daryl Hannah. Lurch alibaki yuleyule. Aliyerudi pamoja naye ni Christopher Hart, aliyeigiza ule mkono unaotembea peke yake. Mkono, mwanangu!

Sikwambii ukubali kila kitu. Nafasi ya kukudhalilisha ikatae, hata ikilipa. Na usiitegemee kamera peke yake: Struycken ni mpiga picha pia, wa zile picha za mandhari zinazozunguka pande zote, na kazi hiyo haimhitaji kumsubiri mwongozaji ampigie simu. Wewe una cherehani na unajua kushona mavazi ya maonyesho. Usiiuze.

Nafasi ya karani wa mahakama uliyopewa, ambayo unasema haina maneno, ichukue. Kabla ya kurekodi nenda mahakamani siku za kusikiliza kesi, ukae nyuma umtazame karani anavyopokea jalada, anavyomwangalia hakimu, na anakoweka mikono mshtakiwa akilia. Ukijua itarushwa lini tuarifu mapema, maana mama yako amekwisha kuwaambia majirani.

Ni mimi baba yako.