Jibu: Naomi Tani hakutengenezwa na Nikkatsu

Mkuu, umeuliza kama Naomi Tani, yule mwigizaji wa Kijapani, ni zao la kampuni ya filamu ya Nikkatsu. Hapana. Alianza 1967 kwenye studio ndogondogo za Japani, zile za filamu za watu wazima zenye bajeti ya kuungaunga. Nikkatsu, kampuni kongwe iliyokuwa hoi kifedha, iliingia biashara hiyo mwishoni mwa 1971. Ilipomtaka, akaweka sharti: itengenezwe filamu ya Hana to Hebi (Ua na Nyoka), kutoka riwaya ya Oniroku Dan. Wakakubali, ikatoka 1974 na kujaza kumbi. Hapo ndipo ninapomkubali, maana waigizaji wengi wa fani ile walipangiwa tu filamu za kucheza. Ila tahadhari, ni kamba na mateso mwanzo mwisho, usiitazame na wakwe! Alistaafu 1979, jina lake likiwa bado linauza tiketi.