Kwa anayeanza kusoma wafalme na makabaila wa Ufaransa

Mwaka wangu wa kwanza wa kusoma historia ya Ufaransa niliandika insha ya kurasa nane kuhusu Duke wa Anjou. Nilimpiganisha na Waprotestanti mwaka 1569, nikampa ufalme wa Poland mwaka 1573, kisha nikamtuma kumposa Elizabeth wa Uingereza, na mwaka 1584 nikamzika. Mwalimu aliirudisha na maneno manne ya wino mwekundu: hawa ni watu wawili.

Ni ndugu, watoto wa Mfalme Henri II na mkewe Catherine de Médicis. Wa kwanza ni Henri, aliyerudi kutoka Poland mwaka 1574 akawa Mfalme Henri III. Mwaka 1576 cheo cha Anjou kikaenda kwa mdogo wake François, ambaye hadi hapo alijulikana kama Duke wa Alençon. Na kama hilo halitoshi, walipobatizwa mmoja aliitwa Alexandre-Édouard na mwingine Hercule. Hayo majina mengine yalikuja baadaye. Hata uchumba wa Elizabeth ulizungumzwa kwa wote wawili kwa zamu, kwa hiyo nijihurumie kidogo.

Tangu siku ile nina daftari, na wewe anza nalo leo, usingoje kuchanganyikiwa. Kila mtu ukurasa wake. Juu kabisa andika wazazi, kuzaliwa, ndoa na kifo, maana hivyo havihami. Chini yake panga vyeo, kila kimoja na mwaka alipokipata. Ukikutana na "Monsieur" peke yake bila jina, huyo ni ndugu wa mfalme, lakini mfalme yupi? Chini ya Louis XIII ni Gaston d'Orléans. Louis XIV aliporithi kiti mwaka 1643 akiwa na miaka minne, naye alikuwa na mdogo wake, Philippe, na Gaston bado hajafa. Alifariki mwaka 1660. Kwa miaka kumi na saba Monsieur walikuwa wawili, mkubwa na mdogo. Tazama tarehe ya barua kabla ya kutazama jina.

Kwa wanawake daftari linakuokoa zaidi. Marguerite, malkia wa Navarre (ufalme mdogo mpakani mwa Ufaransa na Hispania), ni yupi? Yupo dada wa Mfalme François I, aliyefariki mwaka 1549. Yupo pia binti wa Henri II, aliyeolewa na Henri wa Navarre tarehe 18 Agosti 1572, siku sita kabla ya mauaji ya Waprotestanti ya siku ya Mtakatifu Bartholomayo. Wote wawili waliandika, na wote wawili wananukuliwa. Halafu usidanganywe na Anne d'Autriche, mama wa Louis XIV: jina linasema Austria, lakini alizaliwa Valladolid, Hispania, binti wa Felipe III. Austria hapo ni ukoo tu.

Sasa Kiswahili chetu. Neno "malkia" lina mtego, kwa sababu msomaji aliyemzoea Elizabeth atadhani Catherine alikaa kwenye kiti kwa haki yake mwenyewe. Ufaransa haikuruhusu mwanamke kurithi kiti. Catherine, Marie de Médicis (mama wa Louis XIII) na Anne walishika utawala kwa niaba ya watoto wao wadogo. Mimi huandika "mke wa mfalme" au "mama wa mfalme" hata kama sentensi inarefuka.

Kibaya kuliko vyote ni "Parlement". Ukiitafsiri "bunge" umeharibu ukurasa mzima. Ile ni mahakama kuu ya rufaa, na pia ndiyo iliyosajili amri za mfalme na kumpelekea malalamiko isipozipenda. Mahakimu wake walinunua nafasi zao, na kuanzia mwaka 1604 walilipa ada kila mwaka ili waweze kuzirithisha. Kama unatafuta kitu kinachokaribia bunge, ni mkutano wa matabaka matatu, uliokutana mwaka 1614 kisha haukukutana tena hadi 1789.

Tarehe nazo zina vituko. François I alifariki tarehe 31 Machi 1547, lakini karatasi za Paris za siku hizo zinasema 1546, maana mwaka ulianza Pasaka. Charles IX ndiye aliyeagiza mwaka 1564 kwamba mwaka uanze Januari mosi. Kisha Desemba 1582 ikarukwa siku kumi: baada ya tarehe 9 ikaja 20. Usihangaike kutafuta barua ya tarehe 15.

Na ukiona mfalme anamwandikia mtu "binamu yangu", usikimbilie kuchora mti wa ukoo. Maduke wakubwa, majemadari na makadinali wote waliitwa hivyo kwa heshima ya cheo. Mimi nilishamchomeka kadinali mmoja katikati ya ukoo wa kifalme wa Bourbon, nikamfuta kwa kifutio hadi karatasi ikatoboka.