Wachache kwenye chama: namna ya kusikilizwa

Chama cha kuchanga pesa kina watu 12. Tisa wanataka ploti ya Joska ilipiwe wiki hii. Watatu wanasema pesa zisitoke kabla hati haijakaguliwa kwenye ofisi ya ardhi. Kura ikipigwa leo, watatu wameshindwa. Kama ninyi ndio hao watatu, ombeni muda kwanza.

Mwaka 1969 mwanasaikolojia Serge Moscovici na wenzake waliunda makundi ya watu 6, wawili kati yao wakiwa wamepangwa kusema kwamba slaidi za bluu ni za kijani. Waliposhikilia kijani kwa slaidi zote 36, asilimia 8.42 ya majibu ya wengine yalikuwa kijani. Waliposema kijani mara 24 tu, ilishuka hadi asilimia 1.25. Wachache walikuwa wawili vilevile. Kilichowaangusha ni kuyumba.

Kwa hiyo kutaneni kabla ya mkutano, mkubaliane juu ya dai moja: tukague hati, ndipo tulipe. Kila mmoja aliseme kwa maneno yake, mkutanoni na WhatsApp pia. Mmoja wenu akisema "basi, kama wengi wameamua", wengine watawaona wawili waliobaki kama wakaidi tu. Majaribio ya mwanasaikolojia Solomon Asch yalionyesha kwamba mtu akipata hata mwenzake mmoja anayeona kama yeye, shinikizo la wengi hupungua sana. Msimwache yeyote azungumze peke yake.

Msimamo si ubishi. Kubalini kusogeza tarehe, kubalini katibu achague nani aende ofisi ya ardhi, jitoleeni hata kulipa ada ya ukaguzi. Ukaguzi wenyewe tu ndio usiguswe.

Mara nyingi hoja nzuri huzikwa na vitu viwili. Kwanza, kuichanganya na kinyongo cha zamani dhidi ya mweka hazina. Pili, maslahi: kama mmoja wenu anauza ploti yake kwingine, aseme wazi, na mwingine aongoze hoja. Tena atangulie yule anayechanga kwa wakati. Mchelewaji hana akiba ya kuaminiwa.

Msitarajie makofi. Watu wengi hubadilika kimyakimya, wakiwa mbali na macho ya wenzao, na huenda mmoja wa wale tisa akaja baadaye na wazo la ukaguzi kana kwamba ni lake. Msimsahihishe. Ungeni mkono papo hapo, na katibu aliandike kwa jina lake.