Newala kukavu, Ruvuma uko pale chini, kwanini?

Mkuu umeuliza inakuwaje Newala, huku Mtwara, watu wahangaike na maji wakati ukisimama Shimo la Mungu, pale ukingoni kwenye mteremko mkali, unauona mto Ruvuma kabisa kule chini. Shida kubwa ni udongo. Huku juu uwanda wa Makonde ni mchanga mchanga, mvua ikinyesha Desemba mpaka Aprili maji yanazama yote hayaachi hata kijito, yanakuja kutokea kwenye chemchemi huko mabondeni, ndo maana mama zetu zamani walikuwa wanashuka ule mteremko na kupanda tena na ndoo kichwani, na hata haya ya bomba yanasukumwa kwa pampu toka bondeni, umeme ukikatika na maji hamna. Mikorosho yenyewe inavumilia kwa vile mizizi inakwenda chini sana.

Sasa shuka mtoni mwezi wa tisa au wa kumi, utakuta mto umebaki mikondo myembamba katikati ya mchanga mpana, watu wanafukua vishimo mchangani wachote maji yaliyochujika, na ni salama kuliko kuinama ukingoni maana mamba wapo, jamani watoto wasiachwe peke yao pale! Ukipanda na mto mpaka Nanyumbu kuna pori la akiba la Lukwika-Lumesule, tembo wa huko wanavuka kwenda Msumbiji na kurudi, kwahiyo anayelima kandokando ya mto anajua kabisa kiangazi hakuna kulala, shamba linalindwa usiku kucha.