Santo Domingo kwa siku moja: maswali yenu, majibu yangu

Tangu niwaambie kwamba nimerudi tena Jamhuri ya Dominika, maswali yamemiminika. Wengi mko Marekani na Kanada, mmelipia wiki ya hoteli ya ufukweni Punta Cana, na pale mapokezi mmeonyeshwa kikaratasi kinachouza safari ya siku moja kwenda Santo Domingo, mji mkuu, kuona ule mji wa kale unaoitwa Zona Colonial. Nimechagua yanayojirudia.

Dada shikamoo. Wanatuuzia safari ya kuondoka alfajiri na kurudi usiku. Kweli inafaa, au tubaki zetu baharini? (Mdogo wako, Toronto)

Marahaba mdogo wangu. Inafaa, ila piga hesabu kwanza. Kutoka Punta Cana ni karibu kilomita 200. Barabara ni nzuri, maana Autovía del Coral iliyofunguliwa 2012 imeondoa adha nyingi, lakini bado ni kama saa mbili na nusu kwenda, na nyingine kama hizo kurudi. Hapo basi halijazunguka hoteli moja baada ya nyingine kuokota watu. Mara ya kwanza nilichukuliwa saa kumi na mbili kasorobo asubuhi, na saa moja na nusu bado tulikuwa tunamsubiri bwana mmoja aliyerudi chumbani kufuata kofia.

Kwa hiyo kabla ya kuuliza bei, uliza: tutatembea kwa miguu Zona Colonial kwa muda wa saa ngapi? Wakikwambia mbili, achana nao. Ile safari yangu ya kwanza ilikuwa na vituo sita kwenye karatasi, na cha saba ambacho hakikuandikwa kilikuwa duka la vito, tukakaa humo dakika hamsini kiyoyozi kikitugandisha. Ukipata ya saa nne au zaidi, lipa. Ukiweza kabisa, panda basi la kawaida la abiria, lala usiku mmoja, na asubuhi tafuta mwongozaji palepale mjini. Wenye leseni wanavaa kitambulisho cha Wizara ya Utalii. Mara ya pili nilifanya hivyo na sijutii hata senti.

Na usiende Jumatatu. Makumbusho mengi hufungwa.

Mimi nimekulia Malindi, Unguja. Nyumba za mawe nimeziona tangu utotoni. Huko kuna kipya gani? (Msomaji, Minneapolis)

Swali hili nimelipenda, kwa sababu wewe ndiye utakayefaidi kuliko wote ndani ya basi.

Ukifika Alcázar de Colón, jumba lililojengwa miaka ya 1510 kwa ajili ya Diego, mtoto wa Christopher Columbus, nenda moja kwa moja ukapapase ukuta. Ni mawe ya matumbawe, jamaa wa yale ya kwenu. Sogeza uso: kuna vitundu kama vya sifongo, na hapa na pale alama ya kiumbe wa baharini iliyoganda jiweni. Kwetu tunapiga lipu ya chokaa juu yake. Wao wameyaacha wazi, kwa hiyo unaweza kuisoma bahari ukutani. Jambo ambalo waongozaji wengi hulipita haraka ni kwamba jumba lile lilikuwa gofu, na lilikarabatiwa kuanzia 1955 hadi 1957. Sehemu kubwa ya unayoyapiga picha ina umri wa bibi yako tu.

Kipya kwako kitakuwa ramani. Mji wa kwanza ulikuwa ng'ambo ya pili ya mto Ozama, ukapigwa na kimbunga mwaka 1502, na gavana Nicolás de Ovando akauhamishia ukingo wa magharibi, akachora mitaa iliyonyooka, inayokatana kama mistari ya madaftari ya hesabu. Mpango huo uliigwa na miji mingi ya Wahispania katika Amerika. Vichochoro vya kukupoteza mpaka ukatokee Darajani hapa havipo. Ngome yao, Fortaleza Ozama, ilianza kujengwa mwaka huohuo wa 1502. Ngome ya Yesu pale Mombasa ilianza 1593, kwa hiyo hata kwa mawe ya Wareno hii ni shangazi yake.

Ninapopapenda zaidi ni Calle Las Damas, mtaa ulioitwa hivyo kwa ajili ya mke wa Diego, María de Toledo, na mabibi waliofuatana naye. Mbele ya Casas Reales, zilizokuwa ofisi za serikali ya koloni, kuna saa ya jua ya mwaka 1753. Wanasema iliwekwa ng'ambo ya barabara ili wakubwa wachungulie dirishani wajue saa bila kutoka kitini. Wafanyakazi wa ofisi mtanielewa.

Na kanisa kuu, lililokamilika karibu 1540. Mwaka 1586 Francis Drake, haramia kwa Wahispania na shujaa kwa Waingereza, aliuteka mji, akakaa humo kama mwezi mzima akichoma nyumba kidogokidogo, mpaka wenyeji wakachanga ducat (sarafu za dhahabu) 25,000 za kumwondoa.

Jambo yaya. Katika hiyo hadithi yote ya Wahispania, sisi Waafrika tuko wapi? (Mkongomani, Brussels)

Mko kila mahali, na kwenye ziara nyingi hamtajwi. Mwongozaji wangu wa kwanza alizungumza saa tatu, akamtaja mke wa Diego mara nne, watumwa hata mara moja.

Waafrika walianza kuletwa kisiwani mwanzoni kabisa mwa miaka ya 1500, wenyeji wa Kitaíno walipokuwa wanakwisha kwa kazi za migodini na maradhi. Mwezi Desemba 1511 padri Antonio de Montesinos alisimama mimbarani mjini humo akawauliza mabwana wa Kihispania kama hao Wataíno si watu wenye roho. Sanamu yake kubwa iko ufukweni, mkono mmoja mdomoni kama anayepaza sauti. Basi hupita mbele yake, mara nyingi bila kusimama. Bartolomé de las Casas, mtetezi mwingine wa Wataíno, alipendekeza waletwe Waafrika badala yao. Baadaye alijuta, na akaandika hivyo, lakini meli zilikuwa zimeshazoea njia.

Sasa rudi pale Alcázar. Diego yuleyule mwenye jumba alikuwa na shamba la miwa, na Krismasi ya 1521 watumwa wake, wengi wakiwa Wawolofu, watu wa pande za Senegali, waliasi. Ni mmoja wa maasi ya mwanzo kabisa ya Waafrika katika Amerika. Ulizimwa, na tarehe 6 Januari 1522 zikatoka sheria kali za kuwadhibiti watumwa. Ukisimama kwenye ile baraza nzuri inayotazama mto, muulize mwongozaji: sukari iliyolipia haya ilitoka wapi? Wa pili niliyempata aliposikia swali hilo alikunja mwavuli wake, akatupeleka kivulini, akazungumza nusu saa. Alitueleza kuhusu Sebastián Lemba, aliyetoroka utumwani akaongoza wenzake porini miaka ya 1540. Sanamu yake iko mbele ya jumba la makumbusho la Museo del Hombre Dominicano, nje kabisa ya njia ya mabasi ya watalii. Alitueleza pia jinsi Toussaint Louverture, kiongozi wa mapinduzi ya watumwa wa Haiti, alivyoingia mjini humo Januari 1801 na kutangaza mwisho wa utumwa, na jinsi ulivyorudishwa baada yake hadi Jean-Pierre Boyer, rais wa Haiti, alipoufuta tena 1822. Hapo sikiliza kwa makini, maana Wadominika husherehekea uhuru wao kutoka kwa Haiti, wa tarehe 27 Februari 1844, na historia ya majirani hawa wawili haisimuliwi kwa sauti moja.

Kwa wewe Mkongomani kuna zawadi moja. Kaskazini mwa jiji, Villa Mella, kuna udugu wa kidini unaoitwa Congos del Espíritu Santo, ulioanzishwa na watumwa wa Kiafrika na machotara katika karne ya 16. Ngoma zao zenyewe zinaitwa congos. UNESCO iliutambua 2001. Metro inafika Villa Mella, na sikukuu yao kubwa ni Pentekoste. Safari ya siku moja kutoka hotelini haiwezi kukufikisha huko. Ndiyo maana nasema laleni usiku mmoja.

Ninaishi Columbus, Ohio, kwa hiyo nina haki ya kuuliza: huyo bwana amezikwa wapi hasa?

Haki unayo! Alifariki Valladolid, Hispania, mwaka 1506. Baadaye mifupa ikavushwa bahari ikazikwa kanisa kuu la Santo Domingo. Mwaka 1795 Wahispania walipoikabidhi sehemu yao ya kisiwa kwa Wafaransa, walichukua mifupa wakaipeleka Havana, na 1898 wakairudisha Sevilla. Shida ni kwamba mwaka 1877 mafundi katika kanisa kuu la Santo Domingo walikuta sanduku la madini ya risasi lenye mifupa na jina lake. Wadominika wakasema: mlibeba mwingine. Vipimo vya vinasaba vimethibitisha kuwa ya Sevilla ni yake, lakini ile ni sehemu tu ya mifupa, na la Santo Domingo halijafunguliwa kupimwa. Inawezekana marehemu yuko pande zote mbili.

Sanduku hilo sasa limo Faro a Colón, jengo la zege la umbo la msalaba lililozinduliwa 1992, miaka 500 tangu afike. Basi litasimama hapo kwa picha. Kwangu ni kituo cha kuruka.

Nivae nini?

Kanisa kuu hawataki mabega wala mapaja wazi, na Panteón Nacional, walikozikwa mashujaa wa taifa, ni vivyo hivyo. Beba khanga. Inafunika mabega kanisani, kichwa juani, magoti ndani ya basi lenye baridi.

Sisi ni Waislamu. Chakula cha mchana kinajumuishwa, lakini kina usalama? (Baba wa watatu, Buffalo)

Uwe mwangalifu. Nguruwe ni kipenzi chao, na hata maharage wakati mwingine huchemshwa na kipande chake. Sema "sin cerdo", yaani bila nguruwe, kisha omba samaki. Chakula chao cha kila siku kinaitwa la bandera, yaani bendera, na ukikitazama ni wali, maharage na nyama. Watoto watadhani wako kwa shangazi yao Tanga. Asubuhi kuna mangú, ndizi mbichi zilizochemshwa zikapondwa. Mtakaribishwa pia mamajuana, chupa iliyojaa magome na majani, na muuzaji atasema ni dawa. Ndani ni ramu na mvinyo mwekundu na asali.

Pasipoti yangu ni ya Tanzania, nina green card. Nitaingia?

Mwenye ukaazi au viza hai ya Marekani huingia kama mtalii bila viza ya Dominika. Hakikisha na shirika lako la ndege kabla ya kulipa. Kuna fomu ya kuingia ya mtandaoni, e-ticket, ambayo ni bure. Tovuti ikikuomba dola, umeingia kwa matapeli.

Papasi, wale wanaowaganda watalii mitaani, wapo? (Yule yule wa Minneapolis)

Wapo, hasa mtaa wa Calle El Conde, lakini ukilinganisha na wa Forodhani hawa ni wanafunzi. "No, gracias" moja na uendelee kutembea. Wanauza larimar, jiwe la buluu linalochimbwa Barahona na si kwingine duniani, na kaharabu, ambayo ya bandia ni plastiki. Usinunue kutoka mfukoni mwa mtu. Mgahawani bili tayari ina asilimia 10 ya huduma na 18 ya kodi, soma kabla ya kuongeza bahashishi. Mwongozaji mpe mkononi, mwishoni, kadiri alivyokufaa.

Nakwenda na mama, ana miaka 71 na magoti yanamsumbua. Ataweza?

Ataweza, ukimruhusu asifanye kila kitu. Los Tres Ojos, yale mapango yenye maziwa ya maji ya kijani, yana ngazi nyingi za kushuka na zilezile za kupanda; hapo abaki juu na soda yake. Mjini kuna kigari kama garimoshi la watoto kinachozungusha watu. Akichoka, mkalishe Parque Colón, kwenye miti mbele ya kanisa kuu, kahawa iko jirani.

Mimi nilimkalisha mama yangu hapo. Katikati ya bustani kuna sanamu ya Columbus ya 1887, ananyoosha kidole, na chini yake mwanamke wa Kitaíno, karibu uchi, anapanda jiwe kuliandika jina lake. Wanasema ni Anacaona, malkia aliyenyongwa kwa amri ya Ovando yuleyule aliyenyoosha mitaa. Niliporudi na kahawa mama alikuwa bado anamtazama. "Ningekuwa na ngazi," akasema, "ningempandia nikamfunge hii khanga."