Redio Hajui Kusoma

Wiki jana nilipata ujumbe wa mwalimu kijana aliyeko Mbale, hapa Uganda. Ameanza kazi muhula huu, amekabidhiwa darasa la tatu lenye watoto 94, na mwalimu mkuu anataka kujua kufikia mwisho wa mwezi ni nani anasoma na nani hasomi. Aliandika: "Madam, 94 nitawapima vipi? Nikiwaambia wasome, wote wanasoma. Nikiwapa mtihani, nusu wanaandika jina la shule tu."

Nilicheka. Kisha nikairudia ile sentensi ya katikati na kicheko kikaniisha. Wote wanasoma ukiwaambia wasome. Hapo ndipo nilipoanguka mimi, na mtoto aliyeniangusha tulimwita Redio.

Mimi ni mwalimu wa Busia, upande wa Uganda. (Neno bodaboda lilizaliwa kwetu hapa mpakani, tunaomba heshima yetu.) Benchi moja la darasa langu lilikuwa na Msamia, Mteso, Mganda, na mtoto ambaye nyumbani kwao ni Kiswahili kitupu kwa sababu mama yake anafanya biashara pande zote mbili. Mtaala ulioanza 2007 unataka madarasa matatu ya mwanzo yafundishwe kwa lugha ya eneo, kisha darasa la nne tuhamie Kiingereza. Vizuri. Lugha ya eneo ya benchi lile ilikuwa ipi? Shule yetu ilikuwa ya binafsi, na wazazi wa mpakani walitaka Kiswahili tangu darasa la kwanza, basi kusoma tulianzia huko.

Redio alikaa benchi la tatu karibu na dirisha. Wenzake walimpa jina hilo kwa sababu ukimfungulia hanyamazi. Kitabu chetu kilikuwa na hadithi ya mbuzi, na Redio aliisoma kama mtangazaji: sauti inapanda penye mshangao, inatua penye nukta. Wageni wakija shuleni, nilimwita yeye. Mama yake, anayeuza mukene (dagaa wetu), nilimwandikia kwenye ripoti miaka mitatu mfululizo: "Anasoma vizuri sana." Nilijivunia mtoto yule, tena nilijivunia zaidi mwandiko wangu wa maneno hayo.

Siku moja wakaja watu wa kupima usomaji. Hawakutaka kitabu chetu. Walikuwa na karatasi yenye mistari minne, haina picha. Mstari wa kwanza: "Baba ana jembe." Redio akaishika. Akaitazama. Akaigeuza nyuma kutafuta picha, nyuma kulikuwa kweupe. Akairudisha, akaweka kidole chini ya neno la kwanza, akaanza kwa sauti ileile nzuri: "Mbuzi wa bibi alikuwa mkaidi..."

Darasa zima likaangua kicheko. Yeye hakujua wanacheka nini, akaendelea mpaka mbuzi akafungwa kamba.

Usiku ule nililala macho nikikumbuka kitu ambacho nilikuwa nakiona kila siku bila kukiona. Kidole chake. Redio alipokuwa "akisoma", kidole kilikuwa kikifika mwisho wa mstari wakati mdomo bado uko katikati. Miaka mitatu kidole na mdomo havikuwahi kukutana, na mimi nasimama palepale natingisha kichwa kwa furaha.

Mama yake alikuja siku ya tatu. Hakupiga kelele. Aliziweka ripoti zangu mezani moja juu ya nyingine, akaniuliza: "Madam, haya maneno ulikuwa unamwandikia nani?" Sikuwa na jibu, na mpaka leo sina. Muhula uliofuata Redio akahamishiwa shule ya ng'ambo ya mpaka. Sikumwona tena.

Mimi nikapelekwa darasa la kwanza. Barua ilisema ni mahitaji ya shule, lakini mwalimu yeyote wa nchi hii anajua kuteremshwa darasa la kwanza maana yake nini. Mwenzangu mmoja ofisini alinishauri ninunue vitambaa vya kufutia kamasi. Sijamsamehe, na najua anasoma hapa.

Basi nikakaa na watoto wa miaka sita, na huko ndiko nilikojifunza kazi niliyokuwa nikilipwa kuifanya. Miaka ile sitaisimulia yote, mingi ilikuwa chaki na kelele.

Ngoja niruke mpaka Januari 2022. Mnakumbuka shule zilivyofungwa Machi 2020, na watoto wa madarasa ya chini wakakaa nyumbani karibu miaka miwili. Zilipofunguliwa nilikuwa nimehamia shule nyingine, nikapokea darasa la tano lililokuwa limejaa watoto wenye sauti nzito. Mmoja alikuwa msichana wa miaka 13. Wakati wa kufungwa alikuwa akikaanga chapati na shangazi yake barabarani. Hesabu za chenji alinishinda mimi. Nikampa neno "baba". Akasema: "Bii, ei, bii, ei." Nikamwambia aziunganishe. Akajaribu, ikatoka "bieibiei". Akaona aibu, akafunga mdomo.

Hapo ningekuwa yule mwalimu wa zamani ningeandika "hajui kusoma" nikapita. Lakini tazama alichonipa. Herufi anazijua zote, tena hakosei hata moja. Anajua majina yao ya Kiingereza, hajui sauti zao. Alichokosa ni kitu kimoja, na kitu hicho kina dawa: silabi. Kiswahili kina huruma kwa anayeanza, maana "a" ni "a" popote utakapoikuta, wakati Kiingereza kitamwonyesha "one" na kumwambia aitamke kwa "w" ambayo haionekani.

Nilikata katoni la sabuni nikatengeneza kadi: ba, be, bi, ma, me, mi, ka, la, ta. Kila siku baada ya posho (ugali wa mchana), dakika 20. Anapanga "ma" na "ta", anasoma, anabadilisha. Uani nilichora silabi kwa kijiti mchangani, anaruka kutoka "ka" hadi "la" na kutaja neno alilolikanyaga. Wadogo wa darasa la pili wakaanza kuja kuruka naye, na yeye, mkubwa kuliko wote, akawa mwalimu wao. Aibu ikaisha huko.

Wiki ya saba au ya nane alinifuata mbio na mfuko mtupu wa unga uliotoka Kenya, umekunjwakunjwa. "Madam, hapa. Ma... hi..." Akasimama. Ile "ndi" ilimkaba, tulikuwa hatujafika kwenye "nd". Akairudia kimoyomoyo, nikaona midomo inacheza. "Mahindi! Pameandikwa mahindi!" Hakuna mtu aliyemfundisha mfuko ule. Mwaka 2024 alifanya PLE, mtihani wa kumaliza shule ya msingi, akapata pointi 19 (kwetu pointi chache ndizo bora, na nne ndiyo kilele). Hapa kwetu watu huificha 19. Mimi nilinunua kreti ya soda.

Sasa wewe wa Mbale, na wengine mnaotaka darasa lenu liwe la mfano kama nilivyotaka mimi. Msikilize mtoto mmoja, peke yake, akisoma kitu ambacho hajawahi kukiona. Huo ndio ushauri wangu wote, mengine ni vipandevipande vyake.

Mpangie ngazi tano, kwa mfano wa Uwezo, wale wanaopima usomaji nyumba kwa nyumba, na wa shirika la Pratham la India lililowatangulia: herufi, silabi, neno, aya, hadithi. Anza na aya. Akiiweza, mpe hadithi. Akikwama, shuka neno, silabi, herufi, mpaka ufike pale anaposimama bila kuyumba. Andika aya mwenyewe, sentensi nne, isiwe ya kitabuni. Penye picha, ifunike kwa kiganja. Tazama kidole chake. Akikwama hesabu moja mpaka tatu moyoni, kisha mwambie aendelee, usimsomee. Ukimsomea unajipima wewe.

Kisha muulize swali moja kuhusu alichosoma, na umruhusu ajibu kwa lugha ya kwao. Wapo wanaotamka kila neno sawasawa na hawajui kama aliyeanguka kisimani ni mbuzi au bibi.

Na jamani, lafudhi si kosa la kusoma! Nilikuwa na mtoto wa Kiganda, akikuta "barua" anasoma "baluwa". Zamani ningemchora alama nyekundu. Lakini Kiganda hakitofautishi "l" na "r" kama sisi, na neno lao la barua ni hilohilo, "ebbaluwa". Mtoto ameyasoma maandishi, ameelewa maana, na ulimi wake umelipeleka neno nyumbani kwao. Huyo anasoma. Anayekutazama usoni badala ya kutazama karatasi, huyo ndiye wa kuhofia. (Kabla ya yote, hakikisha anaona ubao. Nilimpa mmoja silabi mwezi mzima, kumbe shida ilikuwa macho.)

Watoto sita kwa siku, dakika tatu kila mmoja, wakati wenzao wako mapumziko. Dakika 18. Darasa lako la 94 litaisha kwa siku 16. Usiandike asilimia. Kwenye daftari andika jina, ngazi, na neno moja la alichokwamia: "nd", "sauti", "anakariri". Ukimaliza, wapange kwa ngazi, wala usijali nani ni wa darasa gani; azima nusu saa ya mwalimu wa darasa la pili mchanganye watoto. Baada ya wiki sita wasikilize tena, mmoja mmoja, kwa aya mpya.

Najua utakachoambiwa ofisini. Utaambiwa shule inahesabiwa kwa pointi nne za PLE, na pointi nne hazitafutwi darasa la tatu. Walimu wenzangu, tunajidanganya. Tunawakaririsha maswali ya miaka iliyopita watoto wasioweza kusoma swali la mwaka huu, halafu tunalaumu wazazi, simu, na maji ya mto. Wakuu wa shule wanampa darasa la kwanza mwalimu waliyechoka naye. Na sisi tunapenda kwaya: tunasoma sentensi, watoto wanairudia, tunasikia sauti yetu ikituimbia, tunaita hiyo kusoma. Tangu Julai 2022, Baraza la Mawaziri lilipokubali Kiswahili kiwe somo la lazima msingi na sekondari, nimeona shule zikikimbilia nyimbo na salamu za Kiswahili. Watoto wanaimba vizuri mno. Nani amewafunikia picha?

Nimeanza kupandisha sauti, nisameheni. Kila nikifika hapa naziona zile ripoti mezani.

Kijana wangu wa Mbale, kesho usianze na benchi la mbele, wale watakudanganya kwa bidii. Anza na yule unayemwita wageni wakija. Mpe karatasi isiyo na picha, tazama kidole, na Ijumaa uniandikie ulichokiona.