Mama wa Kambo wa Filamu na wa Nyumbani

SWALI: Ninalea watoto wawili wa mume wangu, wa miaka 9 na 13. Mama yao yuko Newala. Kila tukiwasha filamu ya Kibongo, mama wa kambo ananyima watoto chakula, na yule mkubwa ananitupia jicho. Niwe nazima?
Msomaji, Masasi

JIBU: Usizime, dada, atajua imekugusa. Mtunzi anataka adui atambulike upesi, na ugali mkavu mbele ya mtoto mmoja huku mwenzake anatafuna kuku unamaliza kazi kwa sekunde kumi. Ikiisha, muulize mkubwa: "Baba yao alikuwa wapi?" Karibu kila mara baba yuko safarini, na hapo ndipo penye uongo. Usiulize "Mimi niko hivyo?" Atasema hapana kwa heshima, mazungumzo yatafia hapo.

Tafuta Stepmom, filamu ya Marekani ya mwaka 1998. Susan Sarandon ni mama mzazi, Julia Roberts mchumba wa baba, anayepotelewa na mtoto bustanini New York akiwa kazini. Mama mzazi anachachamaa, na hapo pako sawa kabisa. Inapoteleza ni pale saratani inapompata mama mzazi ndipo wanawake hawa wapatane. Mama wa Newala ni mzima, simu zake zitaendelea kuita, panga nazo. Halafu watoto wa mle wanamwita mchumba kwa jina lake, Isabel. Kwetu huo ni utovu wa adabu: "mama mdogo" inatosha, usilazimishe "mama".

Filamu hizo za Marekani hazina mjomba mwenye kauli. Kwa Wamakonde ukoo hufuata upande wa mama, kwa hiyo ukiwa na jambo zito na huyo wa miaka 13, mume wako ampigie kwanza mjomba wa mtoto, kaka wa mama yao.

SWALI: Na sisi baba wa kambo?
Msomaji, Lindi

JIBU: Mnafanywa walevi au mazuzu. Boyhood (2014), iliyopigwa kwa miaka 12 na waigizaji walewale, ina mlevi anayerusha glasi watu wakila. Itazame bila watoto. Zuzu ni Will Ferrell wa Daddy's Home (2015), anayeshindana na baba mzazi kuwavutia watoto. Mashindano hayo yapo hata huku: pesa ya korosho ikiingia, kubalianeni mapema nani ananunua sare na nani viatu.